Kuku Watatu, Vichwa Viwili

Bei ya kuku ilishuka kabla hatujasikia kuku yeyote amekufa. Jumatatu ile wanaume wa baiskeli kutoka Minago walipita mtaani kwetu Rumonge na kuku wamefungwa miguu, wananing'inia kwenye usukani kama siku zote, lakini bei waliyotaja ilikuwa nusu ya ile ya wiki iliyotangulia. Hakukuwa na sikukuu iliyopita wala iliyokuwa njiani. Mama yangu, aliyekuwa amekaa kizingitini akichuja mawese, alimwinua kuku mmoja, akamtazama chini ya mkia, akamrudisha.

"Mbona humuchukui, mama?" muuzaji akauliza. "Iko bei ya zawadi."

"Zawadi inatoka kwa mutu anayenipenda," mama akajibu. "Wewe hunijui."

Muuzaji akacheka, akapanda baiskeli. Mama hakucheka. Alinawa mikono kwa sabuni mara mbili, kisha akaniambia nisimfungulie kuku wetu hata mmoja mpaka Ijumaa.

Tulikuwa na kuku watatu: mweupe, wa madoadoa na mweusi. Wote walikuwa wamewekwa kwa ajili ya Ijumaa hiyo, siku ambayo wageni wa mdogo wangu wangekuja. Mdogo wangu alikuwa na miaka thelathini na mitatu. Alishawahi kuchumbiwa na mtu aliyevuka ziwa kwenda Kongo kutafuta mali na hakurudi wala kuandika. Sasa alikuwa amepata mwingine, dereva wa gari la dagaa, mtu wa Kabonga, kule karibu na mpaka wa Tanzania. Walipendana, hilo halikuwa na shaka. Lakini yule bwana alilelewa na shangazi yake, na neno la mwisho lilikuwa la shangazi. Alikuwa aje baada ya swala ya Ijumaa, ale kwetu, aone nyumba, atoe jibu.

Mapema wiki hiyo alituma ujumbe kupitia kwa bwana harusi: "Nasikia kwenu mnapika kuku na matunda. Nataka kuonja."

Habari hiyo aliipata kwa kosa langu. Nilifanya kazi miaka minane katika jiko la hoteli moja ya Bujumbura, na siku moja dereva huyo alipotuletea samaki, nilimpa sahani ya saladi ya kuku kwa mananasi na maembe. Aliisimulia mpaka Kabonga. Hoteli ilipofunga jiko lake nilirudi kwa mama na visu vyangu viwili na tabia ya kuandika kila kitu kwenye daftari: saa ya kuchinja, saa ya kuchemsha, saa ya kuweka kwenye frigo. Daftari la wiki ile bado ninalo.

Jumatano nimeandika: "Kwa jirani wa kushoto, kuku wawili wamesinzia mchana." Alhamisi nimeandika: "Jirani wa kushoto, wote." Ulikuwa mdondo, ule ugonjwa unaoshusha mabawa, unapindisha shingo na kuwafanya kuku waharishe kijani. Mitaa miwili juu yetu watu walikuwa wakichinja haraka haraka kabla kuku hajafa mwenyewe, na wengine, ilisemekana, walikuwa wakichelewa na kuchinja hivyo hivyo. Nyama ya namna hiyo ni kibudu. Hailiwi, na nyumba iliyomlisha mgeni kibudu haisahauliwi. Kwa hiyo pwani yetu ina desturi ya nyakati za ugonjwa: sinia la kuku huja na vichwa vyake, vimepangwa ukingoni, shingo zikielekea kwa mgeni, ili aone kisu kilipita wapi na damu ilitokaje. Hakuna anayesema neno. Mgeni hutazama, kisha husema bismillahi.

"Vichwa utavichemsha na nyama," mama aliniambia Alhamisi jioni. "Mukwe hapewi kuku bila kichwa."

"Mama, hii ni saladi. Kichwa kinakaaje juu ya saladi?"

"Kitakaa. Na kama hakikai, upike kitu kingine."

"Yeye mwenyewe ndiye ameomba hii."

Mdogo wangu, aliyekuwa akipiga pasi nguo kwa mkaa, alituangalia mmoja baada ya mwingine. "Fanya kama ulivyompikia yule," akaniambia. "Shangazi asije akasema tumempa kingine."

Nyuma ya nyumba yetu kulikuwa na ngazi tano za saruji za kushukia ufukweni. Ziwa lilikuwa limepanda miaka hiyo mpaka limeshameza mpera wetu, choo cha zamani na shimo la taka. Alfajiri ile ya Ijumaa, ngazi mbili tu zilikuwa kavu.

Saa kumi na moja na nusu alikuja mzee anayechinjia mtaa wetu, ambaye pia ndiye anayeadhini. Mama alikuwa chumbani kwenye mswala wake, mdogo wangu amelala. Nilifungua tenga nikamwaga mtama. Mweupe na wa madoadoa walitoka wakadonoa. Mweusi alitoka mwisho akasimama. Bawa lake la kushoto lilikuwa chini kidogo kuliko la kulia. Nilimsogezea mtama kwa mkono, akaufumbia macho.

Mzee alikuwa akinoa kisu kwenye jiwe. Alinitazama, akamtazama kuku.

"Yuko hai?" akauliza.

"Yuko hai, babu."

"Anasimama?"

"Anasimama."

"Basi, lete."

Aliwachinja watatu wote, wakielekea kibla, kwa jina la Mungu, na damu ya mweusi ilitoka kama ya wenzake. Kwa sheria alikuwa halali. Hilo nililijua na nalijua hadi leo. Lakini kwenye daftari niliandika maneno mawili, "Mweusi hakula," nikalifunga, na mama alipotoka chumbani na kuuliza kama wote walikuwa wazima, nikasema wote. Mzee alikuwa ameshaondoka. Alikuwa anawahi pikapu ya Muhuta, kwenye maziko ya shemeji yake.

Nikapika. Nilichemsha nyama kwa tangawizi, kitunguu na chumvi mpaka ikaachana na mfupa, nikaipoza, nikaichambua kwa vidole nyuzi nyuzi. Nilikata maembe mawili yaliyoiva kwa nje na magumu kwa ndani, papai dogo, na nanasi zima la milimani, lenye harufu iliyojaza ua mzima. Nilikamua marakuja sita, yaani pasheni, juu yake, nikaongeza maziwa mgando, ndimu na pilipili mbuzi iliyotolewa mbegu. Saa tano na robo nilionja. Ilikuwa tamu, kali kidogo, nyama imesimama. Mdogo wangu alionja akafumba macho akacheka peke yake. Niliifunika sufuria nikaiweka ndani ya beseni la maji ya kisima, chumbani penye kivuli. Umeme ulikuwa haupo tangu Jumanne. Wageni walitarajiwa saa saba.

Vichwa, miguu, matumbo na manyoya nilivitia kwenye mfuko wa mchele. Hotelini hatukupeleka vichwa mezani. Shimo la taka lilikuwa chini ya maji, kwa hiyo nilishuka ngazi nikautupa mfuko ziwani, kama mtaa mzima ulivyokuwa ukifanya wiki ile. Mama alikuwa kwenye foleni ya maji. Niliona mfuko unaelea, unazunguka mara moja, unazama nusu.

Saa saba hawakuja. Saa nane bwana harusi alipiga simu: esansi ya gari iliwaishia, wanatafuta chupa kwa chupa kando ya barabara. Saa tisa simu yake haikupatikana. Mdogo wangu alibadilisha kitenge mara tatu. Kutoka kwa jirani wa kushoto hakukuwa na sauti yoyote, na ndipo nilipogundua kwamba tangu asubuhi sikuwa nimesikia jogoo hata mmoja mtaani.

Waliingia saa kumi kasorobo, shangazi na wanawake wawili wa ukoo wao; bwana harusi alibaki barabarani na gari. Shangazi alikuwa mwanamke mfupi, mwenye mabega ya mtu aliyebeba dagaa maisha yake yote.

"Amahoro," akatusalimu akivua viatu. "Tumesukuma gari kuliko gari ilivyotubeba. Huyu mutoto wetu anaoa, sisi tunakonda."

Wote wakacheka, mama naye. Alikaa kwenye mkeka, akamshika mdogo wangu mkono, akaugeuza kiganja juu akakitazama.

"Hii mikono inafanya kazi," akasema.

"Inafanya, shangazi."

"Sawa. Sasa tuone ya dada yako."

Nilienda chumbani kufunua sufuria. Maji yalikuwa yamepanda juu ya saladi, meupe, yenye mapovu madogo. Niliingiza kijiko. Nyuzi za nyama hazikuwepo. Palipokuwa na nyama palikuwa na kitu laini kama uji ulioganda, na vipande vya nanasi vimekaa ndani yake, vikavu na vizima. Nilionja. Ilikuwa chungu.

Miezi kadhaa baadaye mpishi mwenzangu wa zamani alinieleza. Nanasi bichi hula nyama, na likikutana na maziwa huyatia uchungu. Hotelini tulitumia mananasi ya kopo, ambayo yameshapikwa na nguvu hiyo imekufa. Miaka minane nilifungua makopo na sikujua. Lakini alasiri ile nilijua kitu kimoja tu: kwamba asubuhi kuku mmoja hakula, na sasa nyama ilikuwa imeoza bila kunuka.

Nilisimama pale na kijiko. Hapakuwa na chakula kingine zaidi ya wali. Mdogo wangu aliingia.

"Mbona unakawia? Wanangoja."

Alichukua bakuli, akapakua, akatoka nalo. Hakutazama ndani. Sikumzuia.

Shangazi alisema bismillahi baada ya kutafuta kitu kwa macho ukingoni mwa sinia. Alichota kwa wali, akatia mdomoni. Taya zake zilisimama. Akameza. Wanawake wawili walimtazama kabla ya kuchota, wakaacha mikono yao hewani.

"Nyama ya kuku hutafunwa," akasema polepole. "Hii inajitafuna yenyewe."

"Ni namna ya hotelini, shangazi," nikasema.

"Na kichwa iko wapi?"

"Saladi haina kichwa."

"Mwanangu," akasema, bila kuinua sauti, "kila kitu iliyokuwa na roho ina kichwa. Sisi tumepita soko yenu. Tumeona kuku wanauzwa bei ya vitunguu. Sikusema kitu. Nilisema, naenda kwa watu wanaojua."

Mama alinigeukia. Uso wake ulikuwa umebadilika rangi. "Vichwa viko wapi?"

"Nilivitupa, mama."

"Ulitupa wapi?"

Nilielekeza mlango wa nyuma, ziwani. Shangazi alikuwa ameshanyanyuka. Alasiri ilikuwa imeingia. Aliomba maji ya udhu, kisha akasema hapana, ziwa liko karibu, atachukua huko. Alipita jikoni akatoka mlango wa nyuma. Tulimsikia anashuka ngazi moja. Halafu hatukusikia kitu.

"Njooni muone," akasema.

Kwenye ngazi ya pili, ambayo asubuhi ilikuwa kavu, mawimbi yalikuwa yameleta kuku wawili. Wakubwa, wa kahawia, manyoya yamelowa, macho wazi, mabawa yamefunguka juu ya maji. Kila wimbi liliwasogeza kwenye saruji, kisha liliwarudisha. Shingo zao zilikuwa nzima. Hakuna kisu kilichopita hapo.

"Si wetu," mama akasema.

"Iko kwenye ngazi zenu."

"Si wetu! Watu wa juu wanatupa, ziwa linaleta kwetu. Wetu walichinjwa leo asubuhi na mzee wa adhana. Watatu."

"Tumuite huyo mzee."

"Yuko Muhuta. Anazika."

Mmoja wa wale wanawake alifunga mdomo kwa mtandio. Mdogo wangu alikuwa amesimama mlangoni na birika la maji ya kunawa, limemwelemea mkono, na maji yalikuwa yakimwagika taratibu juu ya miguu yake bila yeye kujua.

Mama alikunja kanga yake magotini, akashuka ngazi ya pili, ya tatu, akaingia ziwani. Ana zaidi ya miaka sitini na hajui kuogelea. Maji yalimfika kiunoni, kisha kifuani. Aliwasukuma kando wale kuku wawili kwa kiwiko, akawa anapapasa kwa miguu mahali ulipokuwa mpera wetu, kwa sababu kisiki chake bado kipo huko chini na hushika vitu.

"Mama, toka," mdogo wangu akalia. "Toka, mama, basi!"

Alizamisha mkono mpaka shavu likagusa maji, akavuta. Ulikuwa mfuko wa mchele, umechanika upande mmoja. Alirudi nao akiwa ameukumbatia, akaumwaga kwenye saruji mbele ya miguu ya shangazi. Manyoya, miguu, matumbo. Kichwa cha mweupe. Kichwa cha yule wa madoadoa. Shingo zote mbili zimekatwa safi.

Shangazi aliinama, akavigeuza kwa kidole kimoja kimoja.

"Umesema watatu."

"Watatu."

"Hapa iko vichwa viwili." Alimtazama mama, kisha akanitazama mimi. "Na mimi nimemeza. Nimemeza ya nani?"

Mama alikamua pindo la kanga. "Mwambie," akaniambia. "Wewe uliwatoa tengani. Mwambie walikuwa wazima."

Mdogo wangu alinitazama. Nilisema, "Walikuwa wazima." Ilikuwa mara ya pili siku hiyo.

Shangazi alikata kipande cha jani la mgomba, akavifunga vile vichwa viwili. "Nitamupelekea kaka yangu aone na macho yake. Neno tutatuma." Aliswali kwenye mkeka wetu, hilo sikulitegemea, akavaa viatu, akamuaga mama kwa heshima zote. Hakumuaga mdogo wangu. Alimpita tu, kwa upole, kama mtu anayepita kando ya kiti.

Mzee wa adhana alirudi Jumapili. Mama alimsubiri stendi. Aliposikia, hakwenda hata kulala kwake. Alipanda gari la kwanza kwenda Kabonga kutoa ushahidi kwamba kuku watatu waliingia chini ya kisu chake wakiwa hai. Jumanne alirudi na jibu. Wamekubali, ndoa Ijumaa hiyo hiyo, kule kwao. "Lakini yule mama," akasema akijikuna ndevu, "amesema amekubali ulimi wangu. Chungu cha nyumba hii, bado."

Mdogo wangu alipiga kigelegele kimoja, akakikatiza. Mama alikwenda kukaa jikoni.

Jumatano, nikifagia ngazi, nilikikuta kichwa cha tatu. Ziwa lilikuwa limekilaza kwenye ngazi ya kwanza kwa uangalifu. Shingo ilikuwa na alama ya kisu, na hiyo ndiyo iliyokuwa haki yetu, ningeweza kuikimbiza kwa mama. Lakini kope za kuku yule zilikuwa zimevimba mpaka zimefunga. Huenda ni maji ya siku tano. Nilikichimbia shimo chini ya ukuta, nikaandika saa, sikumwambia mtu.

Harusini Kabonga walituletea sinia letu, mimi na mama na majirani watatu. Pilau, na juu yake kuku. Vichwa vilikuwa ukingoni, vinne, vimeoshwa, shingo zote zimeelekezwa kwetu. Masinia mengine hayakuwa na vichwa. Mama alivitazama kimoja kimoja, akasema bismillahi kwa sauti iliyosikika, akala mpaka akashiba.

Siku ya tatu baada ya harusi mdogo wangu alinipigia simu asubuhi. Alikuwa akinong'ona.

"Dada, vile vichwa viwili alivyochukua shangazi."

"Vimefanya nini?"

"Baada ya kumwonyesha kaka yake alivitupa nyuma ya jiko. Anasema kuku wake walividonoa mpaka mfupa." Alivuta pumzi. "Leo nimewafungulia mimi. Ndiyo kazi yangu hapa. Watano wamesimama tu. Nimewamwagia mtama, wanautazama."

Nilikuwa nimekaa kwenye ngazi ya juu kabisa. Ilikuwa ndiyo pekee iliyobaki kavu.

"Ananiuliza kwetu walianzaje," mdogo wangu akasema. "Nimjibu nini? Niambie kweli, dada. Wetu walikuwaje?"

Nilimwambia. Nilimwambia bawa la kushoto, mtama, macho yaliyofumba, na maneno mawili niliyoandika kabla jua halijatoka. Nilisikia mlango unafunguliwa upande wake, na sauti ya shangazi, karibu sana na simu, ikiuliza dada yako anasema nini.

Mdogo wangu hakukawia kujibu.

"Anasema wetu walikuwa wazima," akasema. "Wote watatu."